Kikosi Ulichoniachia, Baba

Shianda, Jumamosi mchana

Baba,

Nimekaa hapa nyuma ya nyumba, karibu nawe, nimeegemea ukuta wa jikoni. Mama anafikiri nasoma. Amenichinjia ingokho, kuku wetu wa heshima, kana kwamba nimetoka vitani, kumbe nimetoka shule ya maofisa tu, na Jumatatu narudi. Ninaogopa, Baba. Nianze na hilo, kwa sababu sina mtu mwingine wa kumwambia.

Nilichaguliwa. Uwanjani Kakamega walitukimbiza, wakatukagua meno na nyayo kama wanunuzi wa ng'ombe, kisha sisi wenye alama nzuri za shule tukapelekwa kwenye mtihani wa maofisa. Huko hawatafuti nguvu peke yake. Wanakupa mbao mbili na kamba, wanakuambia uvushe wenzako, nao wanakaa pembeni wakiangalia nani anaamuru, nani anasikiza, nani anakasirika. Mimi nilikasirika kidogo. Wakanichukua hivyo hivyo.

Sasa mafunzo yanakaribia kwisha na kila kadeti lazima apewe kikosi. Unaandika vikosi vitatu, kuanzia kile unachokitaka zaidi, halafu unaingia mbele ya bodi wakuulize kwa nini. Wanapima alama zako, tabia yako, na wapi jeshi lina upungufu. Ukishapewa, hapo ndipo utakaa mpaka ustaafu. Wenzangu wanaliongea jambo hili kama watu wanaochagua mke. Mimi karatasi yangu bado ni tupu.

Meja Mutiso yuko kwenye bodi. Unamkumbuka, alikuwa Kapteni wako katika kikosi cha wahandisi, kule mlikotumwa kutegua mabomu ya kufukiwa. Ndiye aliyeleta sanduku lako, lile tulilokatazwa kufungua. Watu wa hapa walinung'unika sana, maana nani anazika mtu bila kumwona uso? Lakini alisimama nasi mpaka tukakuzika, na siku ya tatu akarudi kwa ile shughuli ya kunyoa. Tulinyolewa wote, kisha wazee wakauliza mbele ya watu ni nani atasimama mahali pako. Baba mdogo Makokha akanivika kofia yako ya jeshi, ikanishuka mpaka machoni. Akaninong'oneza, "Sema." Nikasema nitamfuata Baba, nitafanya kazi yake. Nilikuwa wa darasa la nane, kichwa kinaniwasha kwa wembe. Wanawake walilia. Mimi nilidhani nasema maneno ya matanga tu.

Meja hakuyasahau. Mwezi uliopita alinisimamisha baada ya gwaride akaniambia, "Kijana wa Sajini, nilikusikia siku ile. Sisi wahandisi tunakungoja." Akanipiga bega. Nikajibu "Ndiyo, Afande" kwa sauti kubwa. Ningejibu nini? Nikikataa atasema mimi ni mwoga, na hatakuwa amekosea. Naye Makokha anashikilia kwamba maneno ya siku ya kunyoa unayasikia huko uliko, na mtu akiyavunja unakasirika. Kwa hiyo nayaogopa mabomu, namwogopa Meja, na sasa nakuogopa hata wewe. Sikuwahi kukuogopa ukiwa hai.

Lakini kuna jambo moja tunalolijua sisi wawili tu. Ile livu yako ya mwisho, ulipopewa likizo uje nyumbani, ulikuwa ukitoka barabarani unatembea macho chini, hukanyagi nyasi, na sisi watoto tunakucheka. Kuku akaingia kwenye miwa, nikamfuata mbio. Uliniita kwa sauti ambayo sijaisikia tena. Nilipogeuka ulikuwa umekaa chini kwenye vumbi, huwezi hata kushika mfuko wako. Ukasema, "Usimwambie mama yako." Baadaye kidogo ukasema, "Mimi sikuchagua hii kazi. Tulipomaliza ukurutu walitupanga foleni, mkubwa akanyoosha kidole, nyinyi huku, nyinyi kule." Ulijipangusa suruali tukaingia nyumbani.

Nimelifikiria hilo wiki nzima. Wewe ulipangwa kwa kidole. Mimi nimeulizwa.

Mama hajui nimekuja kuamua nini. Jana usiku aliniwekea obusuma, ugali wetu, akanitazama nikila, akasema, "Wewe unakulanga kama yeye." Kisha akatoka nje haraka. Sanduku la pili hataliweza, Baba. Mimi najua na wewe unajua.

Nitaandika mawasiliano kwanza, halafu uchukuzi, halafu askari wa miguu. Huko pia watu hufa, najua. Na bodi bado inaweza kunitupa kwa wahandisi, waseme jeshi ndilo linahitaji, nami nitapiga saluti niende. Hilo linanitia baridi hata na jua hili. Lakini wakiniuliza kwa nini sikuandika kikosi cha babangu, nitajibu mbele ya Meja kwamba ninaogopa, na kwamba babangu pia aliogopa. Nisamehe kwa kuitoa siri yako.

Ukikasirika, nikasirikie mimi, Mama umwache. Mama ananiita sasa, chakula kimeiva. Lala salama, mzee wangu. Nitakuja kupalilia hapa kila livu, wadogo zangu nitawasomesha, na mengine yote uliyoniachia nitayabeba. Hili moja tu ndilo nalikataa. Nakuahidi, kadiri uamuzi utakavyokuwa mikononi mwangu, sitakufuata.

Mwanao wa kwanza,
Okumu