Kireno cha Simu ya Mama

Mjukuu wangu Zuhura,

Baba yako ametuambia leo asubuhi kwamba umepata kazi Dodoma. Tumefurahi sana. Hapa hatujambo, na korosho zimeanza kuanguka. Umeuliza kama ukija uiwekee simu ya bibi yako programu mpya.

Miaka ile simu zilipoanza kuenea Mtwara, mama yangu, kule Mpapura, alikuwa na simu iliyotoka Msumbiji, maandishi yote Kireno. Nilimwonea huruma. Nikaipeleka kwa fundi mjini, akaiflashi, yaani akafuta programu yake na kuweka nyingine, ikawa ya Kiswahili, nami nikamrudishia nikijiona mwana mwema.

Baada ya Ijumaa tatu, dada yangu alifika kutoka Kilambo, mjamzito wa miezi minane, miguu imevimba. Mama alikuwa akimpigia kila Ijumaa kwenye simu ya jirani wa dada. Kimya kile dada alidhani ni msiba.

"Mama, simu imekufa?" nikauliza.

"Haijafa. Umeifundisha Kiswahili, ikanisahau mimi."

Mama hakujua kusoma. Alikuwa akihesabu: chini mara tatu, bonyeza, anampata bintiye. Programu mpya ilikuwa imepanga kila kitu upya.

Nikairudisha kwa fundi; bahati nzuri hakuwa akiflashi simu kabla ya kuhifadhi nakala ya programu ya zamani.

"Kwani mama alikilalamikia Kireno?" akaniuliza.

"Hapana."

"Na hukumuuliza? Wewe, mwandishi wa habari!"

Akairudishia Kireno chake. Ijumaa iliyofuata mama alipiga mwenyewe.

Bibi yako atakuwa nyumbani Jumapili saa nne asubuhi. Mpigie, umuulize yeye.

Babu yako