Kete Iliyochipua

Malindi,
Unguja.
9 Oktoba 1970

Mdogo wangu mpendwa Mabrouk,

Shikamoo yako nimeipokea kwa mikono miwili, marahaba. Vipi hali yako na baridi ya Nairobi? Kifua kimetulia, au bado unakohoa na kujifanya mzima? Sisi hatujambo, alhamdulillahi. Mwanangu Mwanakheir kang'oka meno mawili ya mbele na anacheka vivyo hivyo. Miguu yangu inavimba nikisimama sana, lakini hiyo si habari mpya.

Barua yako niliipata wiki iliyopita. Umeuliza kama unaweza kuja Idd ukashukia kwetu, au utafute pa kulala kwa watu. Nililia, nnakwambia kweli. Nyumba uliyolelewa unaiombea ruhusa! Na mimi jibu sikuwa nalo, maana shemeji yako Muhiddin unamjua. Alikulea tangu una miaka tisa, akaja kusikia sokoni kuwa umeshapanda meli ya Mombasa bila ya kumuaga. Tangu hapo, miaka miwili, jina lako lilikuwa halitajwi humu ndani. Kila ukimletea salamu nilikuwa nazimeza mwenyewe.

Sasa nikupe habari za yale mawe yako yanayoota.

Ulipoyatuma mwaka jana kutoka hapo bustanini unapofanya kazi sikuamini kuwa ni mimea. Vitu vitano vya kijivu, vimepasuka katikati kama kwato za kitoto cha mbuzi. Uliandika yakae kwenye mchanga mkavu, yapate jua, maji kidogo sana, na wakati wa kubadili majani yasipewe kabisa. Mchanga niliuagizia pwani ya Matemwe, nikausuuza mara saba huku nikiuonja mpaka chumvi ikaisha. Hapo nilifanya vizuri. Kwenye maji ndipo nilipokuharibia. Kiumbe kinakaa juani, mimi nakunywa, chenyewe hakinywi, roho ilikuwa haikubali. Nikawa nayamwagia kikombe kila jioni. Masika hayakwisha, matatu yalikuwa yameshaoza. Nisamehe. Yakabaki mawili.

Mwezi wa Juni nikaliweka kopo lao barazani lipate jua. Alasiri Muhiddin akakaa kucheza bao na jirani yetu Ame, yule mshona viatu. Wakahesabu kete, moja haipo. Muhiddin akatia mkono kwenye kopo, akachomoa jiwe lililolingana na komwe za bao, akalipangusa mchanga, mchezo ukaendelea. Likachezwa karibu mpaka Magharibi. Ame ndiye aliyeshituka, akauliza mbona kete hii laini, tena inatoa maji.

Nilipotoka nikaliona, nilikaa chini nikalia mbele ya wanaume, sikujali. Nikamwambia Muhiddin kuwa ile ni amana ya Mabrouk. Jeuri anayo, lakini amana ya mtu humnyima usingizi. Asubuhi akalipanda tena mwenyewe, kisha akaja akasimama mlangoni mwa jiko.

"Huyo mtoto anasemaje juu ya maji?"

Nikamsomea barua yako ya mwaka jana iliyokuja na mawe, maana yeye herufi za kizungu hazimpandi. Siku ya tatu akarudi, nisome tena. Mwezi mzima kazi yangu ikawa kusoma barua ile. Na mimi si mjinga. Nikawa naanzia juu, kwenye salamu zako kwake na pale unapomtaka radhi. Mwanzo alikuwa akikohoa ili nipite haraka. Baadaye akaacha kukohoa.

Jiwe lenyewe likanyauka, ngozi ikakunjamana, nikajua limekufa. Kila nikishika kikombe ananizuia, ati "kaandika yasipewe". Basi mwisho wa Agosti likapasuka katikati, na ndani yake mkatokeza majani mawili mapya, mazima, yana madoa ya kahawia. Muhiddin aliita mtaa mzima kuja kuangalia. Siku hizi anawafundisha watu namna ya kulea mawe, mtu ambaye hajapata kupanda hata mchicha. Lile ambalo halikung'olewa amenigaia mimi. Hili anasema ni lake.

Juzi baada ya Isha nikamsomea barua yako mpya, yote, pamoja na swali lako.

Najua hapa unaruka mistari kutafuta jibu. Subiri, na wewe tulikusubiri. Shangazi yetu Bi Kazija wa Mpendae anakusalimu sana na anauliza utaoa lini. Ame naye anakusalimu, na anasema bao lile alishinda yeye. Nisalimie mwenzako Borafya unayekaa naye.

Haya. Muhiddin kasema hivi, nami nakuandikia maneno yake bila ya kupunguza:

"Idd wanakuja wageni. Mwambie aje kabla mwezi wa Ramadhani haujaandama, afunge na sisi."

Kisha akanifuata mpaka chumbani kuniuliza kama bado unapenda uji wa pilipili manga, au Nairobi wameshakubadilisha. Njoo umjibu mwenyewe.

Mwenyezi Mungu akufungulie njia na akufikishe salama mlangoni kwenu.

Dada yako asiyechoka kukupenda,
Mwanamkasi