Akaunti Yangu Imenikana

Jumapili, 8 Juni

Tumechelewa tena. Harusi ya mtoto wa jirani — tumefika keki imeshaliwa, mashemeji wameshalia, watu wanatafuta viatu vyao. Mke wangu alitembea mbele yangu njia nzima. Tulipoingia ndani akatoa amri: kuanzia leo saa zote za nyumba hii zikae mbele dakika ishirini na tano.

Nikapanda kiti. Ya sebuleni, ya jikoni, ya chumbani. Akaniuliza, na ya kompyuta? Nikaisogeza na hiyo, tena nikaizuia isijirekebishe yenyewe. Fundi wa kompyuta, vyeti viwili ukutani, na ninaidanganya mashine yangu mwenyewe kwa amri ya bibi mkubwa. Haya.

Jana gemu letu la kompyuta lilikwenda vizuri. Tumeendesha malori kwa saa mbili, Binti yetu mbele, mimi nyuma. Aliandika maneno yake yale yale: kushoto, mafuta, ngoja. Mimi nikajibu sawa, sawa, sawa. Ndiyo mazungumzo yetu tangu Machi. Simu hatupigiani. Kila Jumamosi saa kumi jioni tunakutana kwenye yadi ya malori ambayo haipo duniani, tunapakia mbao ambazo hazipo, basi.

Ila jana kabla hajatoka aliandika: "Jumamosi ijayo usikose. Nina jambo la kukuambia."

Jambo gani? Nimelala nalo, nimeamka nalo.

Jumatatu, 9 Juni

Nimetoka kazini nikasema nikafanye mazoezi kidogo, nisije nikaaibika Jumamosi kama siku ile nilipogonga kituo cha mafuta. Nikafungua gemu. Likasema limesasishwa, niingie upya. Nikaandika jina, nikaandika neno la siri. Jibu: "Imeshindikana kuthibitisha. Jaribu tena baadaye."

Nikajaribu tena sasa hivi. Imeshindikana.

Nikajaribu kwa herufi kubwa. Nikajaribu lile la zamani, na la zamani zaidi. Nikabonyeza kwa nguvu, kana kwamba mashine huogopa vidole. Imeshindikana, imeshindikana.

Nisijidanganye, nimecheka. Ofisini watu mia na ishirini wananiita Zima-Washa, kwa sababu kila anayeleta shida namwambia azime kwanza, awashe. Nikazima. Nikawasha. Nimekaa natazama lile duara linavyozunguka, nikaelewa kwa mara ya kwanza kwa nini watu wananichukia.

Jumanne, 10 Juni

Nimebadilisha neno la siri. Wamelipokea! Wakanipongeza hata. Nikaingiza lile lile jipya — imeshindikana kuthibitisha.

Nimezima antivirasi. Nimezima ukuta wa usalama. Nimechomoa kifaa cha intaneti, nikahesabu hadi thelathini, nikachomeka. Nimefuta mafaili ya muda, nimefuta na mengine ambayo sijui yalikuwa ya nini. Mke wangu amepita nyuma yangu mara tatu, ya tatu akauliza kama nimehamia pale.

Nimewaandikia wenye gemu. Barua ndefu, ya kitaalamu, nimetaja toleo la kila kitu ili wajue wanaongea na nani. Jibu limekuja baada ya dakika moja, la mashine: "Asante kwa kuwasiliana nasi. Je, umejaribu kuzima na kuwasha kompyuta yako?"

Mkuki kwa nguruwe!

Jumatano, 11 Juni

Leo nimefanya la kijinga, naliandika hapa ili liniondoke kifuani. Nimeliondoa gemu lote na kulipakua upya. Gemu ni kubwa, likameza intaneti yote ya nyumba. Mke wangu alikuwa jikoni anaongea na Binti kwa video. Sura ikaganda, sauti ikakatika, halafu kimya.

Amekuja sebuleni na mwiko mkononi. Kasema Binti alikuwa anaanza kuuliza habari zangu — "Mama, hivi Baba Jumamosi" — hapo hapo ndipo ilipokatika. Jumamosi nini? Hajui. Mpigie tena umuulize, nikamwambia. Akanitazama. Akasema namba ninayo, kidole ninacho, na yule ni mwanangu pia.

Nikarudi kwenye gemu langu jipya kabisa. Nikaingiza jina, neno la siri. Imeshindikana kuthibitisha.

Niandike na la Machi, maana nalikwepa kila nikishika kalamu. Binti aliacha chuo cha uuguzi mwaka wa pili. Alikuja nyumbani, akakaa pale kwenye kochi, akasema anataka kujifunza kuendesha malori. Malori ya kweli, ya trela. Nilipiga meza. Nilisema asiyesikia la mkuu huvunjika guu, nilisema kazi gani hiyo ya mtoto wa kike, nilisema mengi. Akaondoka kesho yake kwenda kwa mama yake mdogo, huko mji mwingine, akaanza mafunzo. Na ni nani aliyemkalisha mbele ya gemu la malori akiwa na miaka kumi na miwili? Ni nani aliyekuwa akipiga makofi Binti akirudisha trela nyuma bila kugusa ukuta? Nimeshindwa hata kumlaumu mtu mwingine.

Tangu hapo ni kushoto, mafuta, ngoja. Nisipoonekana Jumamosi ataona baba yake amekasirika tena. Atakuwa na haki ya kuona hivyo, mimi mwenyewe ndiye niliyemzoesha.

Alhamisi, 12 Juni

Nimelipata! Na aibu yake nimeipata.

Mhasibu alikuja chumbani kwangu asubuhi, mwanamke mpole, lakini leo alikuwa amevimba. Barua pepe inamkataa tangu jana. Nikaenda kwenye meza yake na mwendo wangu ule wa daktari bingwa. Nikatazama pembeni ya skrini: kompyuta yake inadhani tuko mwaka juzi. Betri ndogo ya ndani imekufa. Nikarekebisha saa, barua zikamiminika. Nikaanza mhadhara wangu. Nikamweleza kuwa seva na kompyuta lazima zikubaliane saa ngapi, mama, la sivyo seva inaona kibali chako kimetoka wakati ambao si wake, inakufungia mlango hata ukiwa na neno la siri sahihi, kwa hiyo saa ya kompyuta kamwe, kamwe usiiguse —

Mhasibu akaniuliza kama ninaumwa.

Dakika ishirini na tano. Kwa mkono wangu mwenyewe. Siku tatu nimeshambulia antivirasi, intaneti, gemu zima, nimetukana watu wa nchi nisizozijua, na kosa nimelifanya mimi nikiwa nimesimama juu ya kiti. Ama kweli mganga hajigangi.

Nimerudi nyumbani mbio. Nimerudisha saa ya kompyuta (za ukutani sijazigusa, napenda amani). Nikaingiza jina na neno la siri. Duara likazunguka, na lile kosa halikutokea. Nimeinuka kitini, nusura nicheze.

Ukafunguka ukurasa mwingine. Umejaribu mara nyingi mno, kwa usalama wako tutakutumia msimbo wa tarakimu sita, utadumu dakika kumi. Bonyeza hapa tuutume kwenye simu inayoishia na 47.

Yangu inaishia na 12.

Nimekaa chini taratibu. 47 ni Binti. Akaunti hii alinifungulia yeye akiwa na miaka kumi na minne, siku aliyochoka kuchangia yake na mimi. Jina langu, simu yake. Nilimwambia wakati ule haina shida, tuko nyumba moja.

Sijabonyeza.

Ijumaa, 13 Juni

Leo nimekuwa mwoga kamili.

Kwanza nilijaribu njia ya mkato: nifungue akaunti mpya. Nikafungua. Nikapewa lori dogo jeupe lisilo na trela. Lakini yadi yetu ameifunga, haingii mgeni, ni yeye na mimi wa zamani tu. Nimezunguka nje ya geti la yadi yangu mwenyewe kama mwizi wa kuku.

Kisha nikamwendea mke wangu. Nikamweleza kwa sauti ya kawaida kabisa kwamba nitabonyeza kitu, Binti atapata namba, basi amwombe ile namba aniletee. Alikuwa anakunja nguo. Hakuacha kukunja. Akasema, "Mimi si posta. Miezi mitatu nabeba salamu zenu, huyu hajambo, yule hajambo. Nimechoka."

Nikasema ni namba tu, tarakimu sita.

"Basi kama ni namba tu, kaombe."

Nikatoka na simu yangu. Nikajaribu kumwandikia Binti ujumbe. Wa kwanza ulikuwa mrefu nikaufuta. Wa pili ulianza na "Habari za mafunzo", nikaona sina haki ya kuuliza, nikaufuta. Wa tatu ulisema "Naomba msimbo" — hivyo tu, kama karani. Wa nne nimeusahau. Wa tano bado umo kwenye simu, haujatumwa, una neno moja: Mwanangu.

Mtu huyu huyu kazini huwaambia watu wasione haya kuomba msaada. Nimebandika na tangazo mlangoni.

Jumamosi, 14 Juni

Naandika haraka. Simu iko hapa mezani, spika imewashwa, haijakatwa. Kabla Binti hajarudi.

Nilikaa kwenye kompyuta saa ya ukutani ikisema kumi na dakika tano. Nikafurahi kuwa nimechelewa, mambo yamejiamulia yenyewe. Halafu nikatoa ishirini na tano: bado tisa na arobaini. Saa hizi za mke wangu hazimwahishi mtu popote, lakini kumkosesha visingizio zinaweza. Mwenyewe kaenda kwa jirani, kwa makusudi nadhani.

Nikabonyeza tuma. Nikapiga simu kabla sijafikiri.

Akapokea mlio wa pili. "Baba? Kuna nini? Mama yuko salama?"

Sauti ilikuwa na hofu. Hapo nikaona nilipofikia: nikipiga simu, mwanangu anadhani kuna msiba. Iliniuma, sitaificha.

Nikasema wote wazima, ni gemu tu, limenifungia nje, kuna namba imekuja kwake. Akaitafuta, akasema ameiona. Akauliza nimejaribu kuingia mara ngapi. Nikasema kumi na moja. "Kumi na moja, Baba, na wewe ndiye fundi." Hakucheka, lakini nilisikia alivyojizuia. Nikamweleza habari za saa na kiti na keki ya harusi, na hapo akashindwa kujizuia. Alicheka hadi akakohoa. Sijausikia ule mcheko tangu Machi.

Akasoma namba. Moja moja, polepole, kama anasomea mzee. Nikaingiza. Skrini ikafunguka! Yadi yetu ile, mbao zimepangwa, lori langu la kijani pale pale nilipoliacha.

"Imekubali?" akauliza.

Na mimi, niliyehangaika wiki nzima kwa ajili ya mlango huu, nikajibu, "Bado. Inazunguka tu."

Sijui hata niliitoa wapi. Nilijua tu kwamba nikisema ndiyo atakata simu, turudi kwenye kushoto na mafuta. Nikasema wakati tunaisubiri, lile jambo ni lipi.

Akavuta pumzi. Akasema Jumatatu ana mtihani wa leseni, lori na trela. Barabarani anafanya vizuri, kupanda mlima vizuri, mwalimu wake anamsifu. Kinachomshinda ni rivasi, kurudi nyuma. Trela linajikunja kila mara, wanaume waliopanga foleni wanacheka. Alikuwa anataka leo tusiende safari yoyote, tukae yadini saa mbili nzima turudi nyuma tu, kama alipokuwa mdogo. "Wewe ndiye uliyenifundisha," akasema. "Huku hakuna anayeeleza vizuri kama wewe."

Nilitaka kusema neno la maana. Nikatazama skrini, nikasema tena, "Bado inazunguka, hii."

"Baba. Lori lako liko mbele yangu hapa. Taa zinawaka."

Nikauliza ameliona lini.

"Tangu niliposoma namba ya mwisho."

Halafu akasema nisubiri, simu yake imebaki na asilimia sita, anatafuta chaja, nisikate. Ameiweka chini. Namsikia anafungua droo, anafunga, anafungua nyingine, anamwuliza mama yake mdogo. Nimeandika ukurasa mzima na bado sina sentensi ya kumwambia akirudi. Nimefika hapa: Mwanangu, siku ile nilipopiga meza, mimi ndiye niliye — hatua zake hizo, anakuja