Ukuta wa Nyuma ya Pazia

3 Machi

Shangazi mpendwa,

Shikamoo. Goti vipi, bado linasumbua? Sisi huku wazima.

Nimepewa kazi ya kukarabati ile sinema uliyokuwa ukikata tiketi zamani! Ukuta wa nyuma ya pazia umejaa mashimo madogo, wenye mradi wanataka upigwe lipu, yaishe. Siku ya ufunguzi itaonyeshwa filamu ya mji wetu miaka ile ya wanajeshi. Utakaa mbele kabisa. Ila usizime sauti, kama unavyotuzimia ya televisheni nyumbani!

Mwanao, mchora ramani


20 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Goti lipo, na kiburi chake.

Lipu? Thubutu! Mashimo hayo ni yetu. Wanajeshi walipoigeuza sinema jela, walitufungia hapo nyuma. Wakitaka kutupiga, wanaweka filamu, sauti juu hadi mwisho. Upande wa pili wa ukuta watu wanapika, wanacheka. Tuligonga kwa vijiko mpaka vikapinda. Hakuna aliyejibu. Baadaye wakasema, “Tulidhani ni filamu.” Ndiyo maana nazima sauti.

Leo damu yangu mwenyewe ndiyo inaziba? Sikanyagi huko ng'o!

Shangazi yako


16 Aprili

Shangazi yangu,

Shikamoo, na unisamehe. Nililia, halafu nikaenda kugombana. Nikawaambia wenye mradi: mkipiga lipu, mimi kazi basi. Mwenyekiti wao alikulia nyumba ya upande wa pili wa ukuta. Akasema, “Tulikuwa tunasikia. Ukuta usiguswe.”

Mwenye filamu naye amekubali: picha tu, bila sauti. Sauti iwe yako. Kipaza sauti kinakungoja.

Mwanao


2 Juni

Mwanangu,

Hujambo? Umelala, au bado unapongezwa? Mimi mzima, koo tu limekauka.

Juzi mlangoni pa sinema nilitaka kugeuza nirudi, uliona. Nikasema liwalo na liwe. Picha zinapita, mimi nasimulia, watu wamejaa hadi kwenye ngazi, hata kukohoa hakuna. Nikamaliza, nikagonga ukuta kwa kijiko. Na ukumbi mzima ukajibu! Viti, sakafu, milango, mpaka vumbi likadondoka. Yaani tumewashinda, mwanangu.

Jana nimewasha televisheni na sauti yake, nikaipandisha, raha tupu. Jirani akagonga ukuta: “Mama, punguza!” Nikapunguza papo hapo, nikamfuata mlangoni kwake, nikamkumbatia. “Nimekusikia,” nikamwambia. Maskini, alinishangaa kweli.

Shangazi yako