Baba Ameniachia Kiti cha Kunyolea na Deni Lake

Mshauri, shikamoo, na usicheke kwamba nakuamkia ilhali huenda nimemzidi umri baba yako, leo mwenye shida ni mimi. Nina miaka sitini na nane na mwezi uliopita nimekuwa yatima. Baba alikuwa kinyozi, alinyoa mpaka mikono ikaanza kutetemeka na wateja wakawa wanaaga nyumbani kabla ya kuja, nami nanyoa hapo hapo kando yake. Sasa mzee, miaka tisini na kitu, akaenda kimya kimya kukopa kwa bwana mmoja wa mtaa wa nyuma, akanunua kiti cha kuzunguka chenye mto mwekundu na pedali ya kumpandisha mteja juu, kilipoletwa ndipo nikajua, nikamuuliza, "Baba, umri huu kiti cha nini?" akanijibu, "Nyamaza wewe mtoto, biashara huijui." Akazunguka nacho kutwa nzima kama yuko kwenye bembea. Kisha akafa, deni halijalipwa hata nusu.

Basi tangu tumzike, mkopeshaji anakuja kila Jumamosi, anakaa kwenye kiti kile kile, ananiambia, "Mzee, deni sasa ni lako, tia sahihi hapa uliendeleze, la sivyo nachukua nyumba yako." Nyumba nimeijenga mwenyewe, mshauri, tofali kwa tofali, na mke wangu usingizi umemhama. Mimi kwa woga nikawa namnyoa bure, ndevu na masikio, na mafuta nampaka, nikidhani atasahau, kumbe namng'arisha tu arudi kunidai akiwa amependeza. Karatasi yake nimeikwepa kwa kusema miwani imepotea, na miwani iko puani. Dada yangu, aliyebeba kioo kikubwa na mashine za kunyolea za baba eti kumbukumbu, sijui atamnyoa nani, ananiambia, "Kaka, wewe ndiye mwanamume, pambana." Shule niliishia darasa la nne, sheria siijui. Niuze nyumba, au nimfuate baba huko aliko nikamuulize alikuwa anawaza nini?

Yatima Mwenye Mvi

*

Yatima wangu, shikamoo yako nakurudishia mwenyewe, pamoja na pole ya msiba. Kwanza mwambie mkeo alale. Nyumba ni yako, haikuwa ya baba, na haiguswi. Deni la marehemu hulipwa kwa mali aliyoiacha marehemu. Mali hiyo ikiisha, mdai hana wa kumfuata, isipokuwa kama ulimdhamini baba alipokopa. Wewe mkopo uliujua kiti kilipofika mlangoni, sasa ulimdhamini saa ngapi? Nimemuuliza na wakili, kasema hivyo hivyo.

Sasa kaa sawa nikuseme. Unadhani yule bwana anang'ang'ania sahihi yako kwa sababu ina mwandiko mzuri? Bila hiyo hana lake kwako. Ukiitia tu, deni la marehemu linakuwa lako kweli, na hapo hata mimi usiniandikie. Mzee mzima kudanganya ni aibu, lakini kwa hili, miwani hiyo na iendelee kupotea.

Ila usianze kuzunguka na kiti kwa furaha. Kiti, kioo na zile mashine bado si vyenu. Mmegawana kabla ya kulipa, na mdai anaweza kuwadai thamani ya mlichochukua. Dada arudishe kumbukumbu zake, na asikuachie wewe kupambana huku yeye amekumbatia kioo. Nendeni mahakamani mkaombe ateuliwe msimamizi wa mirathi, naye adai kuona mkataba aliosaini baba, siyo karatasi mpya. Vitu viuzwe, mazishi na deni vilipwe, kitakachobaki ndio urithi. Pesa isipotosha, hasara ni ya aliyemkopesha mzee wa miaka tisini bila mdhamini. Kiti ukikipenda, kinunue kwa bei halali kama mtu mwingine. Akikutajia nyumba tena, nenda ofisi ya msaada wa sheria, wamwandikie wao.

Kunyoa bure ulijitakia, hiyo samehe. Lakini Jumamosi hii akishakaa na kuinua kidevu, kabla hujashika wembe mwambie, "Bwana mkubwa, hapa tunalipa kwanza."