Picha ya Mama Yako Juu ya Jeneza

Euless, Texas
Tarehe 9 Novemba 2003

Mpendwa mwanangu Zéphyrin,

Bwana Yesu asifiwe. Hujambo huko Brussels? Kifua chako je, baridi ile bado inakusumbua? Sisi tupo, Mungu anatushika. Magoti yananiuma kwa kazi ya kusimama uwanja wa ndege, lakini kwa sala nayapiga hivyo hivyo. Kethia wangu ameshanipita urefu. Nikimsemesha Kiswahili, ananijibu Kiingereza.

Mwanangu, nimechanganyikiwa.

Jumamosi ile sinema yako ilionyeshwa Dallas, chuoni. Mimi nilikuwa zamu, lakini watu wa kanisa walijaa kwenye gari la Pasta Mugisho wakaenda. Nilifurahi kweli! Tangu ulipokuwa ukitundika shuka ukutani kutuchezea vivuli vya taa, nilijua Mungu amekuwekea kitu, hata baba yako alipotaka uwe daktari.

Jumapili jioni mlango ukagongwa. Mama Ushindi huyo, na sufuria ya mboga ya sombe, analia. Nyuma yake kanisa zima. "Mama Kethia! Dada yako amekufa, nawe umenyamaza tu?" Kumbe kwenye sinema wameona jeneza, na juu yake picha ya mama yako, ile ya kitambaa cha njano. Wanaijua, nimeitundika sebuleni kwangu. Nami nikaanguka chini nikalia nao. Nilifikiri umeniambia kwa sinema jambo lililokushinda kwa simu.

Kethia ndiye aliyepiga simu Bukavu. Mama yako akapokea mwenyewe! "Nani amekufa?" Nikasema, "Wewe, dada." Akacheka mpaka akakohoa. "Basi hiyo sombe ni yangu, msiimalize!"

Baadaye Pasta aliniazima kaseti ya sinema hiyo. Kifaransa chenu kinakimbia, sikushika mengi. Mwishoni naona jina lako tu: ndiwe uliyeandika, ndiwe uliyeongoza, ndiwe uliyetafuta fedha. Hukupata mtu wa kukusaidia? Najivunia, lakini sielewi. Kwetu mtu haliliwi angali hai. Pasta anasema ni mfano, kama mifano ya Bwana Yesu. Sawa, lakini Bwana Yesu hakuweka mama yake kwenye jeneza.

Jana nilimpigia mama yako tena, nikamsimulia sinema: kijana yuko Ulaya, miaka mingi hajarudi, anaitwa kwa msiba. Hakucheka. Akauliza, "Na huyo kijana, alinikuta?"

Kadi ya simu ikaisha hapo. Mwanangu, wewe unajua ulivyoandika. Kijana anafika, anakutana na watu wanarudi kutoka makaburini na makoleo.

Wasalimie rafiki yako Placide na mkeo Zoé. Bwana akufunike kwa mkono wake, kazini na njiani.

Mama yako anangoja nimpigie tena Jumapili. Nimjibu nini? Tafadhali niandikie upesi.

Ni mimi nikupendaye siku zote,
mama yako mdogo,
Mama Kethia