Kilio cha Madame Annelore

Yeoville, 9 Juni 2024

Héritière mwanangu,

Salamu kwako na kwa bibi yako, Kambo. Mguu wa mama yangu unaendeleaje? Mimi mzima, ila baridi ya Johannesburg inaingia mpaka kwenye meno.

Madame Annelore ninayemtunza amepata kazi tena! Ana miaka themanini na mmoja, na Wajerumani bado wanamtafuta. Filamu ya kwanza alicheza ana miaka kumi na tisa. Miaka ishirini na miwili alikuwa inspekta wa polisi kwenye televisheni, kisha simu zikanyamaza. Sasa watapiga filamu hapa hapa mtaa wa Observatory, acheze mama aliyetengana na binti yake. Jioni namshikia karatasi, yeye anasema maneno ya mama, mimi nasoma ya binti. Kijerumani changu ungekisikia ungecheka.

Tatizo wanapiga Agosti, wiki ileile ya kutolewa dote, mahari yako. Bila mimi hawezi hata kuvaa viatu. Nielewe.

Mama yako,
Thérèse

Lubumbashi, 15 Juni 2024

Mama, jambo. Kambo anakusalimia, mguu umepoa.

Filamu zake unazijua mwaka kwa mwaka. Mimi nilimaliza shule mwaka gani? Usitazame popote, jibu.

Namwonea wivu bibi kizee, na sioni haya kusema. Yeye unamvalisha viatu. Mimi kufunga kamba nilifundishwa na jirani. Unakuwa binti yake wa karatasi, na binti wa tumbo lako anangoja. Ulipoondoka nilikuwa na miaka minane. Nililia mpaka nikatapika. Wewe ulipanda basi ukanipa kisogo dirishani. Watu husema uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Wewe sijui.

Siku ya dote kiti chako atakikalia mdogo wako, Tantine Orpha. Harusi ya Aprili akikalie tena yeye, usijisumbue.

Binti yako, kama nafasi bado ipo,
Héritière

Yeoville, 22 Septemba 2024

Héritière, u mzima? Hii ni barua ya tatu, hujibu.

Orpha alinitumia picha za dote. Kile kitenge cha kijani cha mama wa binti kimemkaa vizuri, na siku nzima nilimchukia mdogo wangu wa damu.

Ulimaliza shule 2019. Sikutazama popote.

Mama yako

Yeoville, 2 Machi 2025

Mwanangu, natumaini nyote wazima. Filamu imetoka. Madame ameniomba nikutumie, amesisitiza sana, sijui kwa nini. Mimi sijaiangalia. Imo kwenye simu yako.

Mama yako

Lubumbashi, 9 Machi 2025

Mama, jambo. Afya yako? Sisi wazima.

Niliifungua ili nimcheke. Mwishoni mama anapanda basi, binti anabaki chini analia. Madame wako anampa kisogo, kisha kamera inazunguka upande wa uso: ameuma pindo la mtandio, mabega yanatetemeka, hakuna sauti. Kambo akaweka kikombe chini. "Uyu haiko muzungu. Ni Thérèse uyu! Njo vile analiaka tangu utoto, anauma nguo kusudi watu wasisikie."

Miaka zaidi ya sitini ya filamu, na kilio kile ni chako. Alikiona mara ngapi jikoni kwake hata akakijua hivyo? Mimi niliyeliliwa sijakiona hata mara moja. Mwambie wivu wangu haujaisha, umezidi.

Harusi ni tarehe 26 Aprili. Tantine Orpha nimeshamwambia akae nyuma. Njoo, Mama, ulie nikuone.

Binti yako,
Héritière